Tenisi ndani ya kilio: swali ambalo mashindano ya Lagos ya 1976 yanatuachia

Mwezi wa pili mwaka 1976, katika mji wa Lagos nchini Nigeria, Wamarekani wawili walikuwa wakicheza nusu fainali ya tenisi. Mmoja alikuwa Arthur Ashe, bingwa wa Wimbledon. Mwenzake alikuwa Jeff Borowiak. Katikati ya mchezo, wanajeshi wenye silaha wakaingia kiwanjani. Hawakuja kuangalia mpira. Waliwatoa wachezaji kwa mitutu ya bunduki, watazamaji wakakimbia kila mtu upande wake, na mchezo ukaishia hapo.

Nusu fainali hiyo ilikuja kumalizikia Caracas, mji mkuu wa Venezuela, ng'ambo ya bahari ya Atlantiki. Fainali nayo ikachezwa hukohuko. Dick Stockton, Mmarekani mwingine, akamshinda Ashe. Ndivyo mashindano ya Lagos yalivyopata bingwa wake kwenye bara lingine, mbele ya watu ambao wengi wao pengine hawajawahi kukanyaga Nigeria.

Habari hii husimuliwa mara nyingi kama kisa cha ajabu cha michezo: wanamichezo wa watu, Afrika ya mapinduzi, bunduki, kisha ndege ya kurudi nyumbani. Sisi tunaisoma kwa namna nyingine. Hapa kwetu mashariki mwa Kongo tunajua maana ya mpango mzuri kukatizwa na bunduki. Tumeona mechi zikihamishwa, masomo yakifungwa, sherehe zikifutwa usiku wa kuamkia siku yenyewe. Kwa hiyo tukisoma ya Lagos, hatuwezi kusema tu kwamba bahati ilikuwa mbaya. Tunapaswa kuuliza: mashindano yale yalikuwa ya nani? Na yalipoondoka, yalimwachia nini mwenyeji?

Kwanza tueleze yalivyofika.

Kampuni kutoka Dallas

Mpaka mwaka 1968, mashindano makubwa ya tenisi duniani, Wimbledon ikiwemo, yalikuwa ya wachezaji wasiolipwa. Aliyetaka kulipwa alilazimika kuacha viwanja hivyo na kuzunguka na makundi madogo ya wafanyabiashara. Mwaka 1967, huko Marekani, ilianzishwa kampuni iitwayo World Championship Tennis, kwa kifupi WCT. Mtu mkubwa nyuma yake alikuwa Lamar Hunt, tajiri wa Texas kutoka familia iliyojenga mali yake kwa mafuta.

Kampuni hiyo iliwasainisha wachezaji mikataba, ikawazungusha mji kwa mji, juma kwa juma, kama vile wanamuziki wanavyozungushwa. Kila mji ulitoa kiwanja, watazamaji na fedha. Wachezaji walikusanya pointi, na wanane waliofanya vizuri zaidi walikutana Dallas mwezi wa tano kwa fainali kuu. Ilikuwa kazi ya biashara, na iliendeshwa vizuri. Tenisi ya leo, yenye fedha nyingi na ratiba ndefu ya mwaka mzima, ina deni kwa kampuni ile.

Mwanzoni mwa mwaka 1976, kati ya miji ya Marekani na ya Ulaya kwenye ratiba hiyo, liliingia jina jipya: Lagos. Mashindano hayo yalichukuliwa kuwa ya kwanza ya tenisi ya kulipwa ya kiwango hicho katika Afrika ya watu weusi.

Kwa nini Lagos? Kwa sababu Nigeria ya wakati ule ilikuwa na fedha na ilikuwa na hamu ya kuonekana. Vita vya Biafra vilikuwa vimeisha mwanzoni mwa mwaka 1970. Bei ya mafuta ilipanda sana miaka ya 1973 na 1974, na serikali ikawa na dola za kujenga kila kitu kwa wakati mmoja. Mwaka 1975 mamia ya meli zenye shehena ya sementi zilikwama mbele ya bandari ya Lagos, kwa sababu sementi iliyoagizwa ilizidi kabisa uwezo wa bandari kuipokea. Nchi hiyohiyo ilikuwa ikijiandaa kupokea FESTAC, sherehe kubwa ya sanaa na utamaduni wa watu weusi wa dunia nzima, ambayo ilikuja kufanyika mwanzoni mwa mwaka 1977. Kuwaita mabingwa wa tenisi kulikuwa sehemu ya hamu hiyohiyo.

Upande wa wachezaji, jina la Ashe lilitosha kueleza mengine. Mwaka 1968 alishinda mashindano ya wazi ya Marekani. Mwezi wa saba mwaka 1975 alimshinda Jimmy Connors na kuwa mwanaume mweusi wa kwanza kutwaa Wimbledon. Afrika ya Kusini ya ubaguzi ilimnyima viza, mpaka ilipomkubalia kucheza Johannesburg mwaka 1973. Mwaka 1970 alizunguka nchi kadhaa za Afrika pamoja na Stan Smith, Kenya na Tanzania zikiwemo. Kwa mtu huyo, kucheza Lagos mbele ya watazamaji Waafrika kulikuwa na uzito ambao kucheza mji mwingine wowote wa ratiba ile hakukuwa nao.

Basi kila upande ulikuwa na sababu nzuri ya kuja. Kilichofuata hakikutokana na nia mbaya ya mtu yeyote aliyeshika raketi.

Siku ya tano, tarehe 13

Nigeria ilitawaliwa wakati huo na Jenerali Murtala Mohammed. Alishika madaraka mwezi wa saba mwaka 1975, Jenerali Yakubu Gowon alipopinduliwa akiwa Kampala kwenye mkutano wa Umoja wa Nchi za Afrika. Murtala hakukaa madarakani hata miezi saba kamili, lakini alipendwa. Aliwafukuza watumishi wengi wa serikali kwa madai ya rushwa na uzembe. Mwezi wa kwanza mwaka 1976, kwenye mkutano wa Addis Ababa kuhusu vita vya Angola, alisimama wazi upande wa MPLA na kuikemea Marekani mbele ya viongozi wenzake. Sisi tunajua jambo hilo lilivyokuwa karibu na mlango wetu: Zaire ya Mobutu ilikuwa imeingia katika vita vile upande wa pili.

Siku ya tano, tarehe 13 mwezi wa pili, mashindano ya tenisi yakiwa yanaendelea, gari la Murtala lilikwama kwenye msongamano wa magari huko Ikoyi, Lagos, akielekea kazini. Alikuwa na kawaida ya kutembea bila msafara mkubwa wa walinzi. Wanajeshi walioasi wakalimiminia gari lile risasi, na kiongozi wa nchi akafa pale barabarani pamoja na msaidizi wake. Luteni Kanali Bukar Suka Dimka alikwenda redioni kutangaza mapinduzi. Katika haraka yake akatangaza marufuku ya watu kutembea kuanzia saa kumi na mbili asubuhi hadi saa kumi na mbili jioni, yaani mchana badala ya usiku. Wanigeria wanalikumbuka kosa hilo mpaka leo.

Mapinduzi yalishindwa ndani ya saa chache. Jenerali Olusegun Obasanjo alikabidhiwa nchi. Dimka alikamatwa baadaye na kuuawa kwa risasi mwezi wa tano. Lakini jeraha lilibaki. Taifa liliingia katika kilio. Kwa sababu ya ugomvi wa Angola, na kwa sababu Dimka alipita kwenye ubalozi wa Uingereza siku ya mapinduzi, hasira ya wanafunzi na vijana wengi iligeukia Waingereza na Wamarekani.

Wachezaji wa tenisi walijikuta katikati ya hayo yote. Kiwanja cha ndege kilifungwa. Walijificha kwa siku kadhaa chini ya ulinzi wa ubalozi wa Marekani. Kisha, hali ilipoonekana kutulia, mashindano yakaanza tena. Ratiba ilikuwa ikikimbia, na mji mwingine ulikuwa ukiwasubiri.

Hapo ndipo wanajeshi walipoingia kiwanjani. Na hapa msomaji atulie kidogo, kwa sababu mara nyingi sehemu hii husimuliwa nusu. Wanajeshi wale hawakuwa waasi waliokuja kuteka watu. Walikuwa watu wenye hasira kwamba, wakati nchi inalia kiongozi wake aliyeuawa, kuna wageni waliovaa kaptula nyeupe wanacheza mpira kwa ajili ya fedha, na watu wanapiga makofi.

Kilio kina sheria zake

Bunduki haina nafasi kwenye kiwanja cha michezo. Tunalisema hilo bila masharti. Mtu anayemwelekezea mwanamichezo silaha amekosa, hata awe na uchungu wa namna gani. Ashe na Borowiak hawakuwa na hatia, na ingeweza kuwa siku ya vifo.

Lakini msomaji wetu yeyote anaelewa kilichowakera wale wanajeshi. Kwetu, parsele moja ikipatwa na msiba, avenyu nzima inajua. Jirani mwenye baa anapunguza muziki. Aliyepanga ndoa anakwenda kwanza kuwaona wenye kilio, anakaa nao, anawaambia ana jambo gani na lini, na mara nyingi wao wenyewe ndio humwambia aendelee. Hakuna sheria ya serikali inayomlazimisha. Akiruka hatua hiyo akapiga muziki, hata kama amelipa kodi zote, watu watakuja kuuzima, na hawatakuja kwa maneno matamu.

Waandalizi wa Lagos waliruka hatua hiyo. Waliuliza kama usalama unatosha na kama viongozi wanaruhusu. Hawakuwauliza watu wa kawaida kama wako tayari kufurahi. Kwa wachezaji, juma lile lilikuwa juma moja kati ya majuma mengi ya mwaka. Kwa Wanigeria, lilikuwa juma ambalo wazee wanaweza kukuambia walikuwa wamesimama wapi habari ilipowafikia.

Kwa nini hawakuuliza? Kwa maoni yetu, ni kwa sababu mashindano yale yalikuwa na saa ya Dallas. Pointi zilihesabiwa kwa ajili ya Dallas, na majuma yalipangwa kuelekea Dallas. Lagos ilikuwa kituo cha safari, kama kituo cha basi. Basi likichelewa kituoni, dereva hawazi msiba wa watu wa pale. Anawaza abiria wanaomsubiri mbele. Ndiyo maana fainali iliweza kuhamishiwa Caracas bila shida yoyote. Tiketi, mipira, waamuzi na wachezaji vyote vilihamishika. Jambo pekee lisilohamishika, yaani watu wa Lagos, halikuwa sehemu ya hesabu.

Mashindano yanayoweza kumalizikia popote duniani bila kupoteza kitu hayakuwa na mizizi mahali pale tangu mwanzo. Bunduki ziliyafukuza kweli, lakini hazikung'oa mti. Ziliondoa hema.

Mgeni njoo, mwenyeji apone

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Tuwapime wageni wale kwa kipimo hicho.

Nigeria haikuacha tenisi baada ya 1976. Wachezaji wa kulipwa walirudi Lagos miaka iliyofuata, kwa mashindano ya daraja la chini. Majina makubwa ya mwaka 1976 hayakuwa yakiongoza tena orodha, na kwenye miaka ya 1990 mashindano ya namna hiyo yakapotea. WCT yenyewe haikudumu: mwaka 1990 wachezaji walipoanzisha mzunguko wao wenyewe wa ATP, kampuni ya Lamar Hunt ilifikia mwisho. Kwa hiyo hata kama wanajeshi wasingeingia kiwanjani, Lagos ingekuwa imefungamana na kampuni ambayo siku zake zilihesabiwa.

Sasa tuangalie hadithi nyingine, ambayo haikuwa na kampuni wala tangazo. Mwaka 1971, miaka mitano mbele ya Lagos, Ashe alipita Yaoundé, Cameroon. Huko aliona mtoto wa miaka 11 akicheza tenisi kwa namna iliyomshangaza. Mtoto huyo aliitwa Yannick Noah. Baba yake, Zacharie Noah, alikuwa mchezaji wa mpira wa miguu aliyeshinda Kombe la Ufaransa akiwa na klabu ya Sedan mwaka 1961, kisha akarudi na familia nyumbani Cameroon. Ashe alimpa mtoto raketi yake, na zaidi ya hapo akamweleza Philippe Chatrier, kiongozi wa tenisi ya Ufaransa, kwamba kuna kipaji Yaoundé. Noah akapelekwa kituo cha mafunzo cha Nice.

Tarehe 5 mwezi wa sita mwaka 1983, Noah alimshinda Mats Wilander na kutwaa Roland Garros. Mpaka leo hakuna mwanaume mwingine Mfaransa aliyetwaa kombe hilo tangu siku ile.

Majuma machache baadaye, mwezi huohuo wa sita, kwenye nyasi za Wimbledon, Mnigeria mmoja aitwaye Nduka Odizor alimwondoa Guillermo Vilas wa Argentina katika raundi ya kwanza, akaendelea mpaka raundi ya nne. Odizor alizaliwa Lagos mwaka 1958. Alianza kama mtoto wa kuokota mipira. Profesa mmoja Mmarekani aliyekuwa akifundisha Lagos alimwona, akamsaidia kwenda kusoma Houston, na huko akawa mchezaji wa kulipwa. Mwaka huohuo wa 1983 alishinda taji la mashindano ya Taipei. Wakati Ashe na Borowiak wanatolewa kiwanjani, Odizor alikuwa kijana wa miaka 17.

Tazama ulinganisho huo. Kampuni nzima, ikiwa na mabingwa na mikataba, ilikaa Lagos kwa juma moja na kuondoka na fainali yake. Mtu mmoja mwenye raketi mkononi, na mwalimu mmoja mwenye macho, waliacha wachezaji wawili ambao dunia iliwajua.

Hata hivyo tusiifanye hadithi ya Noah kuwa ya miujiza. Raketi ya Ashe ilifanya kazi kwa sababu Yaoundé palikuwa na kiwanja cha tenisi ambacho mtoto aliruhusiwa kukanyaga, na wazazi waliomwachia nafasi ya kucheza. Odizor aliweza kuonekana kwa sababu alikuwa tayari kiwanjani, hata kama kazi yake ilikuwa kuokota mipira ya watu wazima. Mgeni alikuta kitu kimeshaota, akakimwagilia maji. Na pia, wote wawili walilazimika kuondoka. Mmoja alikuzwa Nice, mwingine Houston. Afrika ilitoa mbegu, mavuno yakapimwa kwenye mizani ya wengine. Huo ni upungufu ambao raketi ya zawadi haiwezi kuuziba.

Kinshasa nasi tulikuwa na usiku wetu

Msomaji anaweza kusema: nyinyi Wakongo mna haki gani ya kuwahukumu Wanigeria? Hatuwahukumu. Miaka miwili mbele ya hapo, tarehe 30 mwezi wa kumi 1974, sisi wenyewe tulipokea pigano la ngumi la Muhammad Ali na George Foreman. Kila bondia aliahidiwa dola milioni 5. Pigano lilianza karibu saa kumi ya alfajiri, wakati watoto wa Kinshasa wanapaswa kuwa wamelala, kwa sababu televisheni za Marekani zilitaka iwe jioni kwao. Hiyo nayo ilikuwa saa ya wengine juu ya kiwanja chetu.

Lakini hapa lazima tuwe wa haki, kwa sababu hoja ya upande wa pili ina nguvu. Mzee yeyote wa Kinshasa aliyekuwa kijana mwaka 1974 atakuambia kwamba usiku ule haukuwa bure. Watu walimchukua Ali kuwa wao. Waliona mtu mweusi akisimama kati ya dunia nzima na kuita Kongo nyumbani. Fahari haina kilo, lakini si kitu cha kudharau. Vilevile kwa Lagos: kijana wa Nigeria aliyemwona bingwa wa Wimbledon kwa macho yake, mweusi kama yeye, aliondoka na kitu moyoni hata kama mchezo haukuisha. Anayesema sherehe kubwa hazina faida yoyote anasahau jinsi watu wanavyoishi.

Tunachosema ni kwamba fahari peke yake inazeeka pamoja na waliokuwepo. Kiwanja cha mwaka 1974, ambacho leo tunakiita Stade Tata Raphaël, kilijengwa wakati wa ukoloni, miaka mingi mbele ya Ali kufika, na kiliendelea kutumiwa na klabu za Kinshasa baada ya yeye kuondoka. Ndicho kilichobaki. Mwaka 2023, Kinshasa ilipopokea Michezo ya Francophonie, zilijengwa sali za michezo hapohapo kando yake. Kwa jambo hilo moja, yeyote anayepima atakuwa na kitu cha kugusa kwa mkono.

Na tukitaka mfano wa michezo yenye mizizi, hatuna haja ya kuvuka mpaka. TP Mazembe ilianza mwaka 1939 Lubumbashi, kwa watoto wa shule ya wamisionari. Imepita katika uhuru, kujitenga kwa Katanga, Mobutu, vita, na kuporomoka kwa uchumi. Ilishinda kombe la klabu bingwa Afrika mara tano, na mwaka 2010 ikafika fainali ya kombe la dunia la klabu. Imepata matajiri na imewapoteza, lakini kartiye ya Kamalondo haikuhama. Huwezi kuimalizia Mazembe Caracas.

Tunaomba nini

Tangu Goma ilipoingia mikononi mwa M23 mwezi wa kwanza 2025, na Bukavu mwezi uliofuata, swali la michezo mashariki linaonekana dogo. Watu wamezika ndugu zao. Wengine wamelala kambini mara ya tatu au ya nne katika maisha yao. Wapo wanaosema tusizungumzie raketi na mipira mpaka amani irudi.

Hatukubaliani nao. Mtoto wa miaka 11 leo hatakuwa na miaka 11 amani itakaporudi. Lakini tunakubaliana nao kwa jambo moja: kilio kina sheria zake. Wapo wengine watakaokuja, leo au kesho, na kombe la amani, mbio za amani, sherehe ya siku tatu yenye mabango makubwa na wageni wa ndege. Wataleta nia njema, kama Ashe alivyoileta Lagos. Kabla ya kuwapigia makofi, wakaaji wana haki ya kuwauliza mambo yaliyo wazi.

Wa kwanza kuulizwa wawe wenye msiba. Siku ile iliyochaguliwa inagusa kilio cha nani? Nani amekwenda kukaa na familia hizo kabla ya kuweka vipaza sauti? Kibali cha mwenye mamlaka, awe nani, hakichukui nafasi ya mazungumzo hayo. Lagos ilikuwa na kibali.

Kisha tuulize ratiba ni ya nani. Tarehe imepangwa kwa sababu wanafunzi wako likizo na barabara inapitika, au kwa sababu mfadhili anafunga hesabu za mwaka? Ikiwa mpango unaweza kuhamishiwa mji mwingine kesho bila mtu wa hapa kupoteza chochote, tujue kwamba sisi ni kituo cha basi.

Na mwisho, kitu gani kitabaki siku ya nne? Hatuombi viwanja vya mamilioni. Tunaomba nyavu, mipira, ukuta wa kupigia mpira kwenye uwanja wa shule, na mwalimu wa hapahapa aliyefundishwa na kulipwa kwa mwaka mmoja badala ya kocha wa kigeni kwa siku tatu. Tenisi hasa ina tatizo lake: kwetu ilianza kama mchezo wa klabu za wakoloni, na mpaka leo watoto wengi wanaoijua ni wale wanaookota mipira kwa watu wenye gari. Mwenye kiwanja anaweza kubadilisha hilo bila kungoja mfadhili yeyote, kwa kuwaachia watoto hao saa mbili asubuhi ya Jumamosi wacheze wao.

Vitu vidogo kama hivyo vina sifa ambayo sherehe kubwa haina. Kiwanja cha ndege kikifungwa, bingwa wa kigeni hawezi kufika, na mashindano yake yanakufa. Raketi iliyoko tayari mkononi mwa mtoto haihitaji ndege. Ikibidi familia ikimbie, inaingia kwenye mfuko.

Huko Lagos, gari la Murtala lenye matundu ya risasi limehifadhiwa kwenye jumba la makumbusho la taifa, mtaa wa Onikan. Katika mtaa huohuo wa Onikan iko klabu ya zamani ya tenisi ya Lagos, iliyoanza mwishoni mwa karne ya 19. Mwaka 2000 ilianza kupokea Kombe la Gavana, mashindano ya daraja la chini ambayo ndiyo yaliwapa vijana wengi wa Nigeria nafasi ya kutafuta pointi za dunia bila kununua tiketi ya ndege. Hayakuwa na bingwa wa Wimbledon. Yalikuwa na wenyeji, na fainali zake zilichezwa Lagos.